Mtangazaji Akiongoza Harusi: Tathmini ya Mshereheshaji Aliyetoka Kwenye Televisheni

Kumkodi mtangazaji wa televisheni ambaye pia ni mwigizaji wa vichekesho ili aongoze shughuli ya harusi ni jambo ambalo siku hizi familia nyingi za Tanga hulijadili katika vikao vya kamati, na mara nyingi hulijadili vibaya, kwa kuwa wajumbe huulizana bei na umaarufu wakasahau kuulizana huyo mtu hasa anajua kufanya nini. Tathmini hii inahusu huduma ya mwanamke mmoja wa kazi hiyo, aliyetuongozea shughuli mbili za binti wa kaka yangu: usiku wa singo, ambao ni wa wanawake pekee, uliofanyika uani kwa bibi yake Ngamiani, na karamu ya kumuaga iliyofanyika katika ukumbi mmoja wa Raskazone. Nilikuwa shangazi wa bibi harusi na pia mhazini wa kamati, kwa hiyo nilimtazama kwa jicho la mtu aliyetoa fedha. Jina lake nimeliacha, kwa sababu baadhi ya nitakayoyasema si ya kumsifu, na kwa sababu wanaouza huduma kama yake ni wengi kiasi kwamba msomaji atafaidika zaidi na vigezo kuliko jina.

Safari yake ya kazi inaeleza mengi kuhusu kile alichotuuzia. Alianzia redioni, hapa hapa Tanga, akisoma salamu za wasikilizaji na kuendesha kipindi cha akina mama, kazi ambayo wengi huidharau ingawa ndiyo inayomfundisha mtu kutamka majina ya watu bila kuyaharibu na kumkatisha mzungumzaji bila kumvunjia heshima. Baadaye alikwenda Bagamoyo kusomea sanaa za maonyesho katika TaSUBa, taasisi iliyoanza mwaka 1981 ikiitwa Chuo cha Sanaa na ikageuzwa kuwa wakala wa serikali mwaka 2007, ambako mwanafunzi hajifunzi uigizaji peke yake bali hupitishwa pia katika ngoma, muziki na ufundi wa jukwaa. Kutoka huko aliingia televisheni Dar es Salaam, kwanza akiwa mtangazaji wa kipindi cha asubuhi, kisha akiwa mama mkwe mkorofi katika tamthilia ya vichekesho inayoonekana kwenye king'amuzi, na huyo mama mkwe ndiye aliyemfanya aitwe kwa sauti hata akipita sokoni Mgandini.

Njia hiyo ya kupitia utangazaji hadi kufika kwenye vichekesho si ya ajabu kwa mwanamke wa nchi hii. Zanzibar walikuwa na televisheni tangu miaka ya 1970, lakini Tanzania Bara ilingoja hadi mwaka 1994, ITV ilipoanza kurusha matangazo, na kwa muda mrefu baada ya hapo vichekesho vya televisheni vilikuwa hasa uwanja wa wanaume. Michezo ya Kaole iliyorushwa na ITV ilikuwa na waigizaji hodari wa kike, hilo halina ubishi, ila wengi wao walipewa nafasi za mama wa nyumbani anayelia au jirani anayechongea, na kicheko kikaachiwa wengine. Kundi lililoanza EATV kwa jina la Ze Comedy, kisha likahamia TBC1 na kuitwa Orijino Komedi, lilikuwa la wanaume, na mwanamke aliyechekesha kuliko wote humo alikuwa Joti aliyejifunga kanga. Joti anaijua kazi yake na sina ugomvi naye. Ninachosema ni kwamba msichana aliyetaka kuchekesha watu miaka ile hakuona kiti kilichoachwa wazi, akalazimika kuingia kwa mlango wa mtangazaji, mahali ambapo uso mzuri na sauti nyororo vilikubalika, na ucheshi ukafuata kama kitu cha ziada. Majirani zetu wa Kenya walitutangulia kidogo hapo, maana Mama Kayai wa Vitimbi, mchezo wa KBC, alikuwa akimwadhibu Mzee Ojwang' mbele ya taifa zima bila kuomba radhi kwa mtu.

Tatizo ni kwamba kazi hizi mbili, zinazoonekana kufanana, kwa kweli zinavutana. Mtangazaji mzuri hulipwa ili mtu mwingine aonekane: anauliza, ananyamaza, anamsogezea mgeni nafasi ya kung'aa. Mwigizaji wa vichekesho hulipwa ili aonekane yeye, na akipewa dakika moja ya kicheko ataitafuta ya pili. Wapo walioziunganisha vizuri. Anne Kansiime, mzaliwa wa Kabale aliyesoma Makerere, alifanya utangazaji katika MiniBuzz, kipindi cha mazungumzo ya abiria ndani ya daladala, ambamo kazi yake kubwa ilikuwa kuwafanya watu wasiojuana waseme, na ni vigumu kuamini kwamba masikio aliyoyapata humo hayakumsaidia alipoanza kuandika vichekesho vyake mwenyewe. Whoopi Goldberg wa Marekani, aliyekuwa tayari amejijengea jina katika uigizaji na vichekesho, alipoongoza sherehe za tuzo za Oscar mwaka 1994 alikuwa mwanamke wa kwanza kuziongoza peke yake, na kazi ya usiku ule ilikuwa hasa ya mshereheshaji: kuchekesha kidogo, kisha kuondoka njiani ili wengine wapite. Swali langu kwa mshereheshaji wetu, tangu tulipomlipa malipo ya awali, lilikuwa hilo tu: kati ya mtangazaji na mwigizaji waliomo ndani yake, ni yupi atakayeshika maiki?

Katika kikao cha maandalizi aliyekuja alikuwa mtangazaji. Hakutuambia atafanya nini. Alituuliza maswali, na maswali yenyewe yalikuwa mazito kuliko niliyozoea kuyasikia kutoka kwa washereheshaji wa hapa, ambao wengi hutaka tu ratiba na orodha ya meza kuu. Alitaka kujua ni nani katika familia amefariki karibuni, ili asije akamtaja au akamtania mjane wake. Aliuliza kama baba na mama wa bibi harusi bado wako pamoja, na kama hawapo, ni nani atasimama upande wa mama na atatambulishwaje. Aliuliza kama yuko ndugu asiyekaa meza moja na ndugu mwingine, swali lililomfanya mwenyekiti wa kamati akohoe. Aliandika majina yote kwenye daftari, akayarudia kwa sauti, na jina la mzee mmoja wa Kisegeju ambalo hata sisi hulikosea alilirudia hadi likakaa. Alituonyesha pia kibali chake cha BASATA, Baraza la Sanaa la Taifa, bila kuombwa, jambo ambalo kamati nyingi hazijui kwamba zina haki ya kuliuliza.

Uangalifu huo ulionekana zaidi katika suala la utani. Washereheshaji wengi hudhani kwamba utani wa makabila ni chombo cha kila mtu, wakamrushia Mchaga maneno ya fedha na Mpare maneno ya ubahili mbele ya watu wasio watani wao, kisha wakashangaa ukumbi ukipoa. Utani una wenyewe. Huyu aliuliza mapema nani ni nani, akagundua kwamba upande wa bwana harusi kuna wakwe wa Kipare na marafiki wa Kichaga, ambao ni watani wa jadi, na usiku wa karamu hakuwatania yeye: aliwaita Mpare mmoja na Mchaga mmoja mbele, akawapa maiki moja wagombanie, na yeye akasimama pembeni kama mwamuzi asiyetaka kuamua. Mpare alidai kwamba mchango wa Mchaga ulifika kwa mkopo. Mchaga alijibu kwamba mchango wa Mpare ungali njiani, unakuja kwa miguu ili kuokoa nauli. Ukumbi ulicheka kuliko ulivyocheka kwa jambo lolote alilolisema yeye mwenyewe, na sifa zote zilikuwa zake ingawa hakutamka hata sentensi moja.

Usiku wa singo ndio ninaotaka kuueleza kwa kirefu, kwa sababu ndio uliotufanya tumtafute mwanamke. Shughuli hii haiongozwi na mwanamume hata awe hodari kiasi gani. Bibi harusi anasuguliwa kwa liwa na mchanganyiko wa manukato, wanawake wamevaa madera ya sare, kungwi yuko kazini, na yanayosemwa humo hayatoki nje ya ua. Mshereheshaji wa usiku kama huo anahitaji ulimi wa kuchangamsha na adabu ya kujua pa kuukunja. Jambo la kwanza alilofanya lilikuwa kuomba simu zote ziwekwe kwenye mkoba mmoja mkubwa, akamkabidhi bibi wa bibi harusi aukalie, na akaanza kwa kuitumbukiza simu yake mwenyewe. Hapo nilimpa alama nyingi.

Kisha mwigizaji akajitokeza, na kwa dakika kadhaa mambo yakaharibika. Alijifunga kanga kiunoni akawa yule mama mkwe wa televisheni, akaanza kumhoji bibi harusi kuhusu jiko: nazi unaikuna kwa mbuzi au unampelekea muuza nazi mwenye mashine, samaki unampaka au unamchemsha tu kama mgonjwa, na mume akirudi usiku unampokea kwa udi au kwa maswali. Maneno yalikuwa mazuri. Kilichomponza ni lafudhi. Kwenye tamthilia yule mama mkwe huzungumza kwa lafudhi ya pwani iliyokuzwa, sauti ikivutwa na mwisho wa kila sentensi ukipandishwa, na mtazamaji wa Dodoma au Iringa huiona kama vazi la kuchekesha. Uani Ngamiani hiyo si vazi, ni namna watu wanavyosema wakiwa nyumbani kwao. Wanawake walimtazama kwa upole ule unaotisha kuliko kelele. Tukumbuke pia kwamba mji huu ndio uliomtoa Amri Athumani, King Majuto, aliyefariki Agosti 2018 na kuzikwa hapa hapa Tanga, mtu aliyeweza kuchekesha kwa uso peke yake. Mgeni anayekuja kutuigiza sisi kwetu anapimwa kwa kipimo hicho, apende asipende. Kwamba yeye mwenyewe aliwahi kuishi na kufanya kazi katika mji huu kulizidisha ukali wa macho yale.

Alinusurika kwa sababu anajua kusikiliza. Bibi mmoja aliyekaa mkekani karibu na ukuta, mwenye miwani na tambuu mdomoni, alisema kwa sauti ya kawaida kabisa: "Mwanangu, mama mkwe hapigi kelele hivyo. Mama mkwe anaulizia chumvi tu, na wewe unalia wiki nzima." Kicheko kilikuwa kikubwa, na kilikuwa juu ya mshereheshaji. Hapa ndipo mwigizaji wa kawaida angejibu ili ashinde. Yeye aliiacha lafudhi palepale, akapiga magoti mbele ya bibi, akamwamkia shikamoo, akampa maiki na kusema: "Basi bibi, niulizie hiyo chumvi nisikie." Tangu hapo mama mkwe wa usiku ule akawa bibi, na mtangazaji akawa mkwe anayehojiwa, akijibu kwa woga uliotiwa chumvi kiasi cha kutosha, akitegea, akimpa bibi nafasi ya kummaliza. Bibi harusi, ambaye alikuwa amejikunyata tangu alipoletwa, alicheka mpaka kungwi akamkemea asiharibu singo. Sijawahi kuona kwenye televisheni yetu kipande cha vichekesho kilichoendeshwa kwa ustadi kama kile, na bila shaka hakitaonekana kamwe, kwa kuwa simu zilikuwa zimekaliwa.

Umeme ulipokatika, na jenereta ikachelewa kuwaka, aliendelea bila maiki. Sauti yake ilifika mpaka jikoni bila yeye kupiga kelele, kwa kutoka chini kifuani na kwa maneno yaliyokatwa vizuri, na ndipo tofauti kati ya mtu aliyesomea jukwaa na mtu aliyezoea spika ilipodhihirika. Hakuujaza muda huo kwa vichekesho. Alianzisha wimbo wa zamani wa harusi, wanawake wakaupokea, naye akabaki kuitikia.

Karamu ya Raskazone ilikuwa kazi nyingine, na hapo huduma yake ilikuwa na sehemu bora na sehemu mbovu zilizokaa bega kwa bega. Sehemu bora ilikuwa muda. Ukumbi ulitutaka tumalize saa sita usiku, na kila aliyewahi kukaa kwenye kamati anajua kwamba ratiba ya karamu huvunjwa na hotuba za wajomba. Alikaa na katibu wa kamati kwa ishara walizokubaliana, akawa anamkaribia mzungumzaji hatua moja moja huku akitabasamu, na alipofika ubavuni mwake mzee mwenyewe alihisi kwamba amemaliza. Mjomba mmoja alikuwa na karatasi ndefu. Mshereheshaji alimsubiri afike penye dua, akasema "Amina" kabla ya watu wote, na makofi yakafunga hotuba. Hakuna aliyeona kama amekatishwa, wala mjomba mwenyewe. Chakula kilitolewa kwa wakati, na pilau ilikuwa bado ya moto ilipofika meza za nyuma, jambo ambalo katika harusi za mji huu si dogo.

Sehemu mbovu ilianza baada ya keki. Bila kutuuliza, aliingiza katika maelezo yake sifa za sabuni ambayo yeye ni balozi wake, akimsifu bibi harusi kwa ngozi laini kisha akiitaja bidhaa kwa jina na mahali inapouzwa. Alifanya hivyo zaidi ya mara moja. Watangazaji wa siku hizi huishi kwa matangazo ya namna hiyo na sioni ubaya wao kuishi, lakini kipindi cha asubuhi ni chake na kituo chake, na karamu ilikuwa yetu, imelipiwa kwa michango ya watu ambao wengine walichanga elfu kumi kumi. Ngozi ya binti yetu, kwa kumbukumbu tu, ilikuwa kazi ya kungwi na liwa ya bibi yake.

La pili ni zito zaidi. Msaidizi wake alikuwa akirekodi kwa simu karamu nzima, na siku mbili tatu baadaye vipande vikaonekana kwenye kurasa zake: mama mkwe akimtania bwana harusi, na nyuma yake wageni wetu, wakiwamo wanawake ambao huvaa ushungi nje na walikuwa wameufungua kidogo wakila. Tulipompigia, alivifuta bila ubishi, na aliomba radhi kwa adabu. Hata hivyo mtu aliyeanza kwa kuitumbukiza simu yake mwenyewe mkobani usiku wa singo alijua fika jambo hili lina uzito gani kwetu. Tangu Sheria ya Ulinzi wa Taarifa Binafsi ya mwaka 2022 ianze kutumika Mei 2023, picha ya mtu kutumiwa bila ridhaa yake si suala la adabu peke yake, na washereheshaji wanaotegemea kurasa zao kupata kazi nyingine wanapaswa kulijua kabla ya wateja wao. Hapo mwigizaji alimshinda mtangazaji: alihitaji kicheko kile kimfikie mtu mwingine mbali, asiyekuwapo.

Kuhusu gharama, tulimlipa laki nane kwa shughuli zote mbili, nusu mwanzo na nusu kabla hajapanda jukwaani siku ya karamu, pamoja na nauli yake na ya msaidizi kutoka Dar es Salaam na malazi. Kwa Tanga hiyo si fedha ndogo, na mshereheshaji wa kiume wa hapa hapa angetuchukulia chini ya nusu yake. Kwa usiku wa singo peke yake ningelipa tena bila kusitasita, na ningeshauri mwenye binti afanye vivyo hivyo, ila amwambie mapema kwamba mama mkwe wa televisheni abaki Dar es Salaam na lafudhi yake. Kwa karamu ya mchanganyiko ningemchukua kwa mkataba wa maandishi wenye vifungu viwili ambavyo wetu haukuwa navyo: hakuna tangazo la bidhaa yoyote kutoka jukwaani, na hakuna picha wala video itakayotoka bila idhini ya kamati, msaidizi wake akiwa ndani ya kifungu hicho kwa jina. Atakayekataa kutia sahihi vifungu hivyo ametueleza mapema kwamba anakuja kufanya kipindi chake.

Kamati zinazotaka tarehe za Mfunguo Mosi, mwezi unaofuata Ramadhani, zimtafute mshereheshaji wa namna hii kabla ya Rajabu kuisha, kwa maana wanawake wanaoweza kuongoza usiku wa singo na karamu kwa kiwango hiki hawajawa wengi, na Shaabani ikiingia huwa wameshachukuliwa na Dar es Salaam na Zanzibar. Malipo ya awali ya huyu wetu hayarudishwi harusi ikiahirishwa, isipokuwa kwa msiba, na hilo aliliandika mwenyewe kwenye risiti kabla sijaliuliza.